Kipeuo na Baki Lake

Mtu akitandaza ramani ya Tanzania mezani, akaweka ncha moja ya uzi juu ya Bagamoyo na ncha ya pili juu ya Tabora, ataona uzi umelala juu ya nchi pasipo kujali lolote: hauulizi mto, haukwepi mlima, wala hautafuti kisima. Njia ya misafara haikuwa hivyo. Tarehe 7 Novemba 1857 Richard Burton na John Speke waliingia Kaze, makao ya Waarabu katika Unyanyembe, ambayo mji wa Tabora ndio mrithi wake. Burton aliandika kwamba siku hiyo ilikuwa ya 134 tangu kuondoka pwani, na kwamba mwendo wao haukupungua maili 600. Uzi wa ramani hausemi hivyo; uzi wasema maili 430. Hakuna mtu aliyepata kuitembea namba hii ya pili, wala hakuna kamba iliyopata kunyoshwa juu yake kutoka mwanzo hata mwisho. Hupatikana kwa hesabu tu, na hesabu yenyewe hukamilika kwa kutafuta kipeuo cha pili.

Siku hizi kijana akitakiwa kutoa kipeuo hicho hubonyeza kitufe, na jibu humjia kabla hajashusha pumzi. Baba yake alifungua kitabu cha majedwali ya tarakimu nne, akafuata mstari kwa kidole mpaka alipokutana na namba aliyoitaka. Babu yake, kama alibahatika kuketi darasani, aliiandika namba katika karatasi na kuigawanya kwa mkono, tarakimu baada ya tarakimu, kwa njia iliyofanana na mgawanyo mrefu lakini yenye ugumu wake wa pekee. Wote watatu walipata jibu moja. Ni yupi kati yao aliyejua? Na kama jibu ni lile lile, je, liko deni ambalo kijana adaiwa na ambalo babu alikwisha kulilipa?

Swali hili halifai kujibiwa kabla kazi yenyewe haijatazamwa, maana wengi huisifu kwa mbali na wengi zaidi huidharau kwa mbali. Bagamoyo iko karibu na digrii 6 na dakika 26 kusini ya Ikweta, na digrii 38 na dakika 54 mashariki ya Greenwich. Tabora iko digrii 5 na dakika 1 kusini, na digrii 32 na dakika 48 mashariki. Tofauti ya kusini na kaskazini ni dakika 85. Tofauti ya mashariki na magharibi ni dakika 366. Dakika moja ya latitudo ni maili moja ya baharini. Dakika ya longitudo hupungua kwa kadiri mtu aiachavyo Ikweta, na katika nchi hii zile 366 huwa maili 364. Basi ipo pembetatu yenye pembe mraba, upande mmoja 85 na wa pili 364. Mraba wa 85 ni 7225, mraba wa 364 ni 132496, na jumla yake ni 139721. Umbali utafutwao ni namba ambayo ikizidishwa kwa nafsi yake huzaa 139721.

Afanyaye kazi kwa mkono huzigawa tarakimu mbili mbili kuanzia kulia: 13, 97, 21. Kwanza huuliza ni namba gani kubwa ambayo mraba wake hauzidi 13. Ni 3. Huiandika mahali pa jibu, hutoa 9 katika 13, na hubaki 4. Hushusha kundi la pili karibu na baki, akapata 497. Sasa jibu alilo nalo hulizidisha kwa 2, na 3 ikawa 6. Huiandika 6 pembeni na kuacha nafasi wazi kulia kwake. Tarakimu itakayoijaza nafasi hiyo ndiyo hiyo hiyo itakayozidisha. Hujaribu 8: 68 mara 8 ni 544, imepita kiasi. Hurudi nyuma, hujaribu 7: 67 mara 7 ni 469, yafaa. Hutoa 469 katika 497, hubaki 28. Hushusha kundi la tatu, akapata 2821. Jibu sasa ni 37; mara 2 ni 74. Hujaribu 4: 744 mara 4 ni 2976, imepita. Hujaribu 3: 743 mara 3 ni 2229. Hubaki 592, na makundi yamekwisha.

Hapo ndipo hesabu humuuliza mtu nia yake. Namba haikukubali kugawika kamili. Akitaka kuacha ataandika 373 na kukiri baki la 592. Akitaka kuendelea ataweka nukta na kushusha sufuri mbili. Huwa 59200, mara mbili ya 373 ni 746, 7467 mara 7 ni 52269, hubaki 6931. Hushusha sufuri mbili tena, huwa 693100, 74749 mara 9 ni 672741, hubaki 20359. Jibu limefika 373.79, nazo ni maili za baharini. Zikigeuzwa kwa kipimo cha nchi kavu ni maili 430, au kilomita 692.

Njia hii haikuzaliwa katika vitabu vya shule za kikoloni, ingawa wengi wa Afrika Mashariki waliipokea humo. Wachina waliiandika zamani sana katika kitabu chao cha Sura Tisa za hesabu. Aryabhata wa Bara Hindi aliifunga katika ubeti mmoja mwaka 499, na hapana shaka ubeti ule ulihitaji mwalimu karibu. Waarabu waliozipokea tarakimu za Kihindi waliipokea pia, wakakiita kipeuo kwa neno lao la mzizi, kama kwamba mraba ni mti uliosimama juu ya ardhi na atafutaye kipeuo ni mtu anayefukua.

Walakini sifa za ukale si hoja. Mtu aweza kuifanya kazi hii yote bila kosa, asijue hata chembe kwa nini afanya hivyo. Kwa nini makundi ya tarakimu mbili mbili? Kwa nini jibu lizidishwe kwa 2? Wanafunzi wengi wamepata kuzidisha kwa 2 kwa sababu mwalimu alisema, na mwalimu alisema kwa sababu mwalimu wake alisema. Mwanafunzi wa namna hiyo hatofautiani na yule wa kitufe ila kwa jasho. Yeye mwenyewe amekuwa mashine, tena mashine ya polepole. Wasifuo kazi ya mkono kwa kuwa ni ya mkono hawana budi kulikabili jambo hili, na aghalabu hawalikabili.

Sababu yenyewe yaonekana shambani. Chukua mkulima wa Unyamwezi mwenye eneo la hatua mraba 139721, atakaye kulilima lote liwe shamba moja lenye pande nne sawa. Aanza kwa mraba wa hatua 300 kila upande. Amekwisha kutumia hatua mraba 90000, na zimebaki 49721. Sasa apanue shamba lisipoteze umbo lake. Hawezi kuongeza upande mmoja tu, kwani litakuwa refu. Lazima aongeze ukanda upande wa mashariki na ukanda ulio sawa nao upande wa kaskazini, kila ukanda una urefu wa hatua 300. Kisha pembeni, kanda hizo mbili zinapokaribiana, pabaki kipande kidogo cha mraba cha kuziba pengo. Kanda ni mbili: ndiyo sababu ya kuzidisha kwa 2. Kipande cha pembeni kina upana ule ule wa kanda: ndiyo sababu tarakimu mpya huandikwa mahali pawili. Upana ukiwa hatua 70, kanda mbili hula 42000 na kipande cha pembeni hula 4900, jumla 46900. Hiyo ndiyo 469 iliyoandikwa katika karatasi, iliyovuliwa sufuri zake. Zimebaki 2821. Shamba sasa lina upande wa hatua 370, na mkulima huongeza kanda nyingine mbili za hatua 3, na kipande cha pembeni cha hatua mraba 9: 2229. Zimebaki 592, hazitoshi kuzungushia hata hatua moja zaidi, kwa kuwa hatua moja ingetaka 747.

Aliyeliona shamba hili mara moja hawezi tena kusahau njia, na akiisahau ataitunga upya. Hapo ndipo tofauti ya kweli ilipo, wala si kati ya mkono na mashine. Iko kati ya mtu ambaye jibu limemfikia na mtu ambaye amelifikia jibu. Wa kwanza, likija jibu baya kwa sura ile ile, atalipokea kwa furaha ile ile. Kijana akikosea kubonyeza akaambiwa kwamba kutoka Bagamoyo hadi Tabora ni maili 37, hana ndani yake kitu cha kumshitua. Mwenye shamba akilini ajua kwamba namba ya tarakimu sita haiwezi kuwa na kipeuo cha tarakimu mbili, maana makundi ni matatu.

Hapa pana pingamizi, na si dogo. Yasemwa kwamba maisha ya watu hayawezekani bila kuamini kazi isiyothibitishwa. Msafara wa zamani ni ushahidi wa kutosha. Mpagazi wa Kinyamwezi alibeba mzigo wa karibu frasila mbili, yaani ratili 70 hivi, akamfuata kirangozi aliyekuwa mbele na bendera. Hakuijua kila njia panda ya Mgunda Mkali, nyika ile kavu kati ya Ugogo na Unyamwezi, alimwamini aijuaye. Kirangozi naye hakubeba chakula cha wote, wala bwana wa msafara hakujua kutengeneza bunduki zake. Kama kila mtu angetaka kuyahakikisha yote kabla ya kunyanyua mguu, pasingalikuwako msafara, na Tabora isingalikuwa mji. Kwa nini basi mwanafunzi alaumiwe kwa kuamini jedwali lililotengenezwa na watu wenye ujuzi, waliolihakiki mara nyingi kuliko yeye atakavyoweza kuihakiki kazi yake ya usiku mmoja?

Pingamizi hili lina haki kwa sehemu kubwa. Yeye mwenyewe Livingstone, aliyekaa Kwihara karibu na Tabora kuanzia Februari hata Agosti 1872 akingoja watu wa kumpeleka kusini, hakuweza kufanya hesabu za nyota bila majedwali yaliyochapishwa na wengine. Lakini itazamwe namna yake ya kuamini. Thomas Maclear, mwanafalaki wa Rasi ya Tumaini Jema, alikuwa amemfundisha kazi ya kupima, na Livingstone katika safari zake alimpelekea vipimo vyenyewe ili vihesabiwe upya. Hakupeleka majibu matupu. Alimwamini Maclear, na kwa kupeleka vipimo alimpa Maclear uwezo wa kutomwamini yeye. Uaminifu wa namna hii una mlango. Mpagazi pia alikuwa nao: baada ya siku mbili pasipo maji aliweza kumuuliza kirangozi, na kirangozi aliweza kuonyesha mlima. Kibaya ni uaminifu usio na mlango, ambamo mtu haamini kwa kuwa amechagua kuamini, bali kwa kuwa hana njia nyingine.

Iko njia nyingine ya kutafuta kipeuo, nayo yastahili kutajwa hapa, kwa sababu wengine huiona bora. Mtu hukisia. Husema kipeuo cha 139721 labda ni 400. Hugawanya 139721 kwa 400, hupata 349.3. Kweli iko kati ya namba hizi mbili, basi hushika katikati yake: 374.65. Hugawanya tena, hupata 372.94, hushika katikati, hupata 373.79 na ushei. Kwa hatua mbili tu amefika. Njia hii ni ya zamani mno, na ina huruma ambayo njia ya mgawanyo haina: kosa la katikati hujirekebisha lenyewe katika hatua zifuatazo. Katika mgawanyo, tarakimu ikikosewa, zote zinazofuata zimepotea pamoja nayo. Lakini huruma hiyo ina bei yake. Katika kukisia na kusahihisha, hakuna tarakimu ambayo mtu aweza kuifunga na kusema imekwisha. Katika mgawanyo kila tarakimu iliyoandikwa ni ya kudumu, na pembeni mwake limeandikwa kwa ukamilifu kiasi kilichosalia. Mwenye kukisia ajua kwamba yuko karibu. Mwenye kugawanya ajua yuko karibu kiasi gani, kwa kuwa baki liko mbele ya macho yake.

Baki hili ndilo kiini cha jambo. Mashine haina baki la kuonyesha. Huandika tarakimu 10, kisha hunyamaza, na ukimya wake hufanana na ukamilifu. Kumbe kipeuo cha 139721 hakina mwisho, kama kipeuo cha 2 kisivyo na mwisho, jambo ambalo Wayunani walilithibitisha zamani, likawafadhaisha. Afanyaye kwa mkono hawezi kudanganyika hapo. Kila mara ashushapo sufuri mbili aona baki jipya likimtazama, na kila mara hana budi kuamua: niendelee au niache? Kazi nayo huzidi kuwa nzito, kwani kigawanyo hurefuka kila hatua. Uchovu huo una hekima ndani yake. Humlazimisha mtu kuuliza tarakimu inayofuata ina faida gani.

Na akiuliza kwa unyofu katika mfano huu wa Tabora ataaibika kidogo. Mahali pa Bagamoyo na pa Tabora pametajwa hapa kwa dakika nzima tu. Nusu dakika yaweza kuwa imeongezeka au imepungua kila upande. Basi zile tarakimu mbili za baada ya nukta, zilizopatikana kwa jasho lote lile, ni pambo. Kipimo chenyewe hakizijui. Jibu la haki ni maili 374 za baharini, pengine moja zaidi au pungufu. Mashine ingeandika 373.7927 na kuendelea, bila kuona haya.

Njia ya misafara ina mfano mkubwa zaidi wa jambo hili. Burton na Speke walipofika Ujiji Februari 1858 walipima kimo cha ziwa Tanganyika juu ya usawa wa bahari kwa kuchemsha maji na kusoma kipimajoto, kwani maji huchemka kwa joto dogo zaidi kadiri nchi inavyoinuka. Walipata kimo cha futi 1850. Kimo cha kweli ni zaidi ya futi 2500. Kuhesabu hakukuwa na lawama; kipimajoto ndicho kilichodanganya, na hesabu safi ikabeba uongo wake kwa uaminifu mpaka London, ambako uliingia katika mabishano makubwa ya chemchemi za Nili. Hapana baki la mgawanyo ambalo lingefichua kosa hilo. Kwa hiyo asifuye njia ya mkono asiipe zaidi ya haki yake: baki husema ukweli juu ya hesabu, halisemi neno juu ya kipimo.

Lakini liko jambo la tatu, ambalo si la hesabu wala la kipimo, nalo ni haki baina ya watu. Biashara ya Tabora ilikwenda kwa vipimo vya namna mbili. Nguo zilipimwa kwa mkono, kutoka kiwiko hata ncha ya kidole: mikono 4 ni shuka, mikono 8 ni doti. Mikono ya watu haifanani, na ugomvi haukukosa. Bali ulikuwa ugomvi wenye afya, kwani mpagazi aliyelipwa doti zake aliweza kuikunjua nguo mbele ya wenzake na kuipima kwa mkono wake mwenyewe. Daftari la deni lilikuwa kitu kingine. Mali iliyopanda kutoka Unguja ilipanda kwa mkopo, ikaandikwa na wenye kuandika, na pembe zilizoshuka zilihesabiwa kwa frasila katika mizani ya wenye mizani. Hamed bin Muhammed, aitwaye Tippu Tip, ambaye baba yake alikuwa na maskani Tabora, alisimulia maisha yake kwa Kiswahili, na masimulizi yake yamejaa madeni na frasila. Yeye aliweza kuhesabu, na uwezo huo ulikuwa nusu ya nguvu zake. Wengi waliopita katika njia ile hawakuweza kufungua daftari wala kuisoma mizani. Na walikuwako waliohesabiwa wasiruhusiwe kuhesabu chochote, yaani watumwa, ambao kwao hesabu ya mtu mwingine ilikuwa ndiyo pingu.

Kwa sababu hiyo desturi ya mitihani ya hesabu, inayomwagiza mtahiniwa aionyeshe kazi yake yote, yafaa kutazamwa kwa jicho jingine. Wanafunzi huiona kama adhabu. Aliyepata jibu sahihi hulalamika: jibu si hili hapa, mnataka nini tena? Kinachotakwa ni mlango ule uliotajwa. Karatasi yenye 469 na 28 na 2229 na 592 humwezesha msahihishaji, hata akiwa adui, kuingia na kutafuta kosa mahali lilipo. Yenye jibu peke yake humtaka asujudu au akatae. Kuonyesha kazi ni kumkubalia mwenzako kwamba ana haki ya kukukagua, na kumwachia vifaa vya kufanyia hivyo.

Kijana wa kitufe basi hadaiwi jasho la babu yake. Hakuna faida ya mtu kugawanya kwa mkono kila siku ya maisha yake. Mwenye ghala na mwenye kujenga daraja wana kazi nyingine. Adaiwa kitu kidogo zaidi na kigumu zaidi: awe amelifanya mara moja kwa ukamilifu, shamba likiwa mbele ya macho yake, hata ajue kwamba mlango upo na jinsi unavyofunguliwa. Na jamii nzima yadaiwa isifike siku ambayo hakuna hata mmoja ndani yake awezaye kuufungua, maana siku hiyo wenye mashine watakuwa kama wenye daftari wa zamani, na walio wengi watarudia hali ya wapagazi, bila hata ile nguo ya kukunjua.

Livingstone aliondoka Kwihara tarehe 25 Agosti 1872 na watu aliopelekewa na Stanley kutoka pwani. Miongoni mwao alikuwamo Jacob Wainwright, Mwafrika aliyesomeshwa Nasik katika Bara Hindi. Livingstone alipofariki kwa Chitambo mwanzoni mwa Mei 1873, Susi na Chuma waliwakusanya watu wote, wakafungua masanduku ya marehemu mbele yao, na Wainwright akaandika kila kitu kilichokuwamo, ili asiweze mtu kushitakiwa baadaye kwa kitu ambacho hakukichukua. Kisha wakaibeba maiti na masanduku kuelekea pwani. Walifika Kwihara Oktoba 1873, wakamkuta Luteni Cameron, Mwingereza aliyekuwa njiani kwenda magharibi. Cameron aliwashauri wamzike bwana wao hapo hapo, wakakataa. Alifungua masanduku, akachukua baadhi ya vyombo vya kupimia kwa safari yake mwenyewe, nao hawakupendezwa, wala hawakuwa na nguvu ya kumzuia. Waliendelea na safari, wakafika Bagamoyo Februari 1874, vyombo vingine vikiwa vimepungua. Na orodha iliyoandikwa kwa Chitambo, mbele ya macho ya wote, ilikuwa ingali mikononi mwao.